Waliobatizwa kwa Maji ya Chumvi

Mama Sesilia hakuwa mtawa, hakuwa katekista, na shule yake yote ilikuwa miaka mitatu. Alikuwa mbeba maji ya chumvi, kama sisi wanawake wote wa Tsakha, na mguu wake wa kulia ulipinda kidogo kwa kupanda ule mteremko wa visimani tangu akiwa na miaka tisa. Nayasema haya mapema kwa sababu siku hizi kuna vijana wanaomtaja kana kwamba alitembea na malaika bega kwa bega. Malaika gani? Alikuwa na mdomo mkali, alipenda pombe ya shayiri, na akikukuta umemwaga maji njiani alikuwa anakusema mpaka unatamani ardhi ipasuke. Mimi nilimpenda, na nilimkosea, na ndiyo maana nataka mtu asimulie vizuri. Vijana hawawezi. Hawakuwepo.

Kijiji chetu kiko chini ya korongo, kando ya mto Dzachu. Visima vya chumvi viko palepale ukingoni, na majaruba ya kukaushia maji yako juu yake, yamejengwa juu ya nguzo za mbao, ngazi kwa ngazi mpaka karibu na nyumba. Wanaume wanajenga na kuuza. Kuchota, kubeba mgongoni kwenye pipa la mbao, kumwaga, kungoja upepo ukaushe na kukwangua ni kazi ya wanawake. Nusu ya nyumba zetu ni za Wabudha, nusu ni za Kanisa, na tumeoana mpaka hakuna anayejua mpaka uko wapi. Ndani ya nyumba moja mjomba anashika shanga mia na nane za Kibudha na mpwa wake anashika hamsini na tisa za rozari, na jioni wote wanakunywa chai ya siagi kutoka birika moja.

Mapadri wazungu walifika huku zamani za babu wa babu yangu. Walichomewa nyumba, wakaondoka, wakarudi, wakapanda mizabibu, wakafa, wakazikwa kule juu kwenye miti ya jozi. Yule wa mwisho alikuwa mzee mwenye ndevu zilizogeuka njano kwa ugoro. Kila mwaka, kabla ya kazi ya chumvi kuanza, alishuka na kanzu yake mpaka visimani, akabariki kila kisima, na Sesilia akiwa msichana ndiye aliyembebea bakuli. Mzee huyo ndiye aliyemfundisha yeye na wenzake wawili la kufanya mtoto akiwa hatarini na padri yuko mbali. Mwagia kichwani mara tatu, taja Baba na Mwana na Roho Mtakatifu, basi. Alisema ni jambo la dharura. Hakuna aliyejua kwamba dharura yenyewe ingedumu miaka thelathini na nane.

Sesilia alikuwa na miaka kumi na mitano mzee yule alipopandishwa juu ya nyumbu na kuondolewa na askari wa serikali mpya. Kanisa likawa ghala la shayiri. Vitabu vilichomwa uani, na misalaba iling'olewa kwenye makaburi ikatumika kuni. Lama, mtawa wa Wabudha wa upande wa pili wa bonde, naye hakusalimika, kwa hiyo msidhani ilikuwa zamu yetu peke yetu. Aliyekutwa anasali alisimamishwa mbele ya watu na kutemewa mate, na waliotema walikuwa jamaa zake, kwa sababu asiyetema alikuwa anafuata.

Watoto waliendelea kuzaliwa, bila shaka. Hilo halikupigwa marufuku.

Chini ya majaruba, kati ya zile nguzo, kuna giza na baridi, na chumvi inadondoka kutoka juu na kuganda. Mwanaume haingii humo, anachafuka. Huko ndiko mama zetu walikowalaza watoto wachanga wakati wanabeba maji, na huko ndiko Sesilia alikowabatiza. Alijifanya anakagua uvujaji. Alichota kwa kiganja kutoka kwenye pipa lake mwenyewe, akamwagia mtoto kichwani mara tatu, akasema maneno yake kwa sauti ya mtu anayehesabu nguzo, akapanda juu na kuendelea na kazi.

Najua utauliza kwa nini asitumie maji ya mto, na mto uko pale chini. Mtu wa Tsakha haulizi hivyo. Jirani zetu Wabudha mtoto wao mchanga akifa wanampeleka mtoni, ndiyo desturi yao, na Sesilia hakuwa tayari kumkaribisha mtoto duniani kwa maji ya kuagia wafu. Chemchemi ya maji matamu ilikuwa moja tu, ndani ya ua wa kanisa, na mlinzi wa ghala alikaa hapohapo. Kisima cha chumvi, kwa upande mwingine, kilibarikiwa na padri kwa mkono wake, na bakuli alilishika yeye Sesilia. Tena aliona tangu utotoni kwamba padri kabla ya kumbatiza mtoto alimtia punje ya chumvi ulimini. Kwa hiyo akafikiri, chumvi imo, maji yamo, baraka imo, kuna kinachopungua? Mimi hata leo naona alifikiri vizuri.

Mama yangu alinipeleka nikiwa na siku tisa. Alisema nilipiga kelele kwa sababu maji yaliniingia jichoni, na Sesilia akaniziba mdomo na kusema, "Nyamaza wewe, utatufungisha." Ndivyo nilivyoingia katika Kanisa.

Yeye mwenyewe alizaa mara moja. Mume wake alikuwa Gonpo, mtengeneza mapipa, Mbudha, mtu mpole asiyependa makuu. Mtoto wao waliyemwita Lusia alizaliwa mwaka wa njaa na alibatizwa kwa maji ya pipa lilelile. Alifika miaka minne. Wanaomkumbuka wanasema alikuwa mtoto wa maswali, anamfuata mama yake mpaka kisimani na kumuuliza mto unalala saa ngapi. Homa ilimchukua kwa siku tatu.

Mama yake Gonpo alitaka apelekwe mtoni, kama watoto wote wa ukoo wao. Alikuwa na haki yake, mjukuu ni mjukuu. Lakini Sesilia alikaa mlangoni na yule mtoto mapajani, hataki kumtoa.

"Huyu amebatizwa," alisema. "Anakwenda ardhini kungoja. Siku ikifika ataitwa kwa jina, na mimi nitakuwa karibu."

"Mto unampa njia," mama mkwe akasema. "Unataka kumfunga shimoni?"

Gonpo alikuwa katikati, maskini, kofia mkononi. Alimuuliza mke wake swali moja tu. "Una hakika?"

"Nina hakika."

"Basi na aende ardhini," Gonpo akasema. Alichimba mwenyewe, ndani ya ukuta wa makaburi ya zamani, mahali ambapo wakati huo watu walilima vitunguu. Mama yake hakuongea naye mpaka anakufa.

Miaka ikaenda. Sesilia aliwabatiza arobaini na kitu. Wengine walikufa, wengine waliolewa mbali, na kanisa lilipofunguliwa tena tulikuwa tumebaki thelathini na wawili. Mimi wakati huo nilikuwa na miaka ishirini na saba, nimeolewa. Tuliondoa shayiri, tukafagia mavi ya panya, tukapaka chokaa, na wazee walilia wakatafuta mahali walipokuwa wakikaa utotoni. Mwaka uliofuata akaja Padri Laurenti.

Sitaki mtu amchukie Padri Laurenti. Alikuwa kijana wa bonde la chini, anasema lugha yetu kwa lafudhi ya kwao, amesoma mbali na kwa shida. Alishuka visimani akatusaidia kubeba, akateleza, akachekwa, akacheka naye. Kosa lake lilikuwa moja, kwamba alikuwa mkweli kupita kiasi.

Alianza kuandika daftari la ubatizo, nyumba kwa nyumba. Kwa Mama Sesilia nilikuwepo, nilikwenda kuazima ungo. Alimkaribisha kwa chai na unga wa shayiri, na alikuwa na furaha ambayo sikuwahi kumwona nayo. Miaka yote ile alizishika zile dharura kichwani, majina, siku, wazazi, na sasa kuna mtu wa kumkabidhi. Alitaja mmoja mmoja na padri akaandika.

"Na maji, mama?" padri akauliza. "Uliyatoa wapi? Chemchemi?"

"Kisimani."

"Kisima kipi?"

"Kwani Tsakha tuna visima vya namna ngapi? Cha chumvi."

Padri aliacha kuandika. Sasa hivi naona alivyotafuta mlango wa kumtoa yule mama, lakini wakati ule sikuona kitu.

"Labda yalikuwa hafifu," alisema taratibu. "Mto ukijaa, si unaingia visimani? Yanakuwa na chumvi kidogo tu."

Ungemwona Mama Sesilia. Aliweka kikombe chini.

"Hafifu? Mwanangu, mimi nabeba maji tangu mama yako hajazaliwa. Mto ukiingia kisimani tunafunga kazi. Maji yangu mimi ukitia yai linaelea, nusu nje. Klara, mwambie."

"Linaelea, Padri," nikasema. "Hata la bata."

Tulicheka sisi wawili. Ndiyo ujinga wetu watu wa hapa, ukigusa maji yetu umetugusa wenyewe, na hatuwezi kunyamaza hata kwa faida yetu. Padri hakucheka. Alifunga daftari, akashukuru kwa chai, akaondoka na kutuacha tunatazamana.

Aliandika barua kwa mwalimu wake wa seminari. Jibu lilichukua siku arobaini, na akalileta kwa Mama Sesilia kwanza kabla ya mtu mwingine, jambo ambalo lilikuwa la heshima. Maji ya bahari yangefaa, barua ilisema. Sisi bahari hatujaiona. Lakini maji mazito kiasi hicho, yanayochotwa ili yawe chumvi, yana shaka kama bado yanahesabika kuwa maji. Hayakukataliwa wala hayakukubaliwa. Wote walio hai wabatizwe upya kwa masharti, yaani padri aseme, ikiwa hukubatizwa, nakubatiza. Waliokufa waachiwe huruma ya Mungu.

Huruma ya Mungu. Nani anaikataa? Lakini mwanamke yule hakumwahidi mume wake huruma. Alimwahidi hakika.

"Na Lusia?" akauliza.

"Mungu ni mwema, mama."

"Najua ni mwema. Nimeuliza alipo."

Padri akasema hajui. Mtu mwingine angedanganya, na labda ingekuwa bora.

Gonpo aliyasikia yote akiwa anachonga ubao wake pembeni. Alikuwa mzee tayari. Baada ya padri kutoka alisema, si kwa ubaya, alisema tu kama mtu anayewaza kwa sauti, "Angekwenda mtoni angekuwa ameshazaliwa tena. Pengine sasa hivi ni mama wa mtu." Sesilia alimtazama, kisha akamwongezea chai.

Tangazo lilisomwa, siku ikapangwa, Jumapili ya pili baada ya Pasaka. Kijiji kikaingia hofu. Mtu anaishi miaka yake anasali, anafunga, halafu anaambiwa mlango alioingilia huenda haukuwa mlango. Wapo waliomsema. Mwanamke mmoja, simtaji, alisema kisimani kwamba Sesilia alituchezea roho zetu. Na huyo ndiye ambaye mama yake angefungwa kama Sesilia angekuwa mwoga na kumtaja. Nilimrushia kikwanguo changu cha chumvi na nilimkosa, na mpaka leo najuta kumkosa.

Siku nne kabla ya Jumapili hiyo Mama Sesilia alinifuata kwenye jaruba langu. Nilikuwa na mimba ya miezi saba, nafanya kazi za kukaa tu, nakwangua. Alichuchumaa karibu nami, akaanza kukwangua naye, kwa sababu hakuweza kuona mkono mtupu.

"Klara, una shaka wewe?"

"Na nini?"

"Na ubatizo wako. Umekaa nao miaka thelathini kasoro. Umewahi kuona umepungukiwa?"

"Nimepungukiwa akili tu," nikasema. "Hiyo si kazi ya maji."

Hakucheka. "Sikuombi ugombane na padri. Ni mtoto mzuri, anafanya alichofundishwa. Nakuomba ukae. Siku ile wakisimama, wewe ukae kwenye benchi lako. Mmoja tu akikaa itakuwa yuko mtu hapa aliyebatizwa kwa maji yale, na yameshika. Kama yameshika kwako yameshika kwa Lusia. Mkisimama wote mtakuwa mmeniambia hayakuwa kitu."

"Kwa nini mimi?"

"Wengine nimewaomba. Wameinamisha vichwa."

Nilimwambia nitakaa. Niliapa, hata hakuniomba kuapa. Alinishika shavu kwa vile vidole vyake vilivyopasuka kwa chumvi, akaondoka kwa mguu wake ule, na nikajisikia mtu wa maana.

Jumapili asubuhi alileta maji mwenyewe kutoka chemchemi ya uani. Padri alitaka kumsaidia, akakataa. "Mimi ndiye niliyekosea maji," alisema mbele ya watu wote, "haya niacheni niyabebe." Kisha akasimama pembeni mwa padri ameshika jagi. Sijui kama padri alimtaka awe pale. Nafikiri hakuthubutu kumwondoa.

Wakaanza. Wanaume wazima wenye ndevu waliinama kama watoto. Ikiwa hukubatizwa, nakubatiza. Ikiwa hukubatizwa, nakubatiza. Kila mmoja alipita mbele ya Sesilia bila kumtazama. Kumi. Ishirini. Mume wangu alinigusa kiwiko, nikamsukuma. Nilikaa.

Nilikaa mpaka walipobaki watatu. Halafu mtoto akacheza tumboni, teke moja kubwa, na nikamkumbuka Monika wa nyumba ya juu, aliyekufa akizaa majira ya baridi yale, damu ikatoka siku nzima na hakuna aliyeweza kuizuia. Nilikuwa nimeharibikiwa na mimba mbili kabla ya hiyo. Nikawaza, miezi miwili ijayo nikilala vile, na kama kweli hayakushika? Nilitafuta ndani yangu ile hakika niliyoapa nayo nikaona haipo. Ilikuwepo siku nne zilizopita, kwenye jua. Wawili. Mmoja. Benchi lote lilikuwa tupu upande wangu.

Nilisimama. Niliona Mama Sesilia ameniona. Njia ya kutoka benchi mpaka mbele ni hatua kumi na mbili, na hakuniondolea macho, wala hayakuwa macho ya hasira. Nilipofika aliinua jagi akampa padri maji.

"Inama zaidi," aliniambia chinichini, "yasikuingie mgongoni."

Nikainama. Ikiwa hukubatizwa, nakubatiza. Yalikuwa ya baridi sana, na matamu, yalinifika mdomoni.

Padri akauliza kama yuko mwingine. Mama Sesilia aliweka jagi chini, akashika pindo la aproni yake, akanifuta nywele, kwanza mbele, halafu shingoni, taratibu, kama anavyofutwa mtoto.

"Umelowa," akasema. "Nenda kakae karibu na moto. Una mtoto huyo."

Nilijifungua salama, msichana. Nilimwomba Mama Sesilia awe mama yake wa ubatizo. Alimpakata, akamtazama sana, akanirudishia. "Tafuta mwenye hakika," alisema. Hakunikasirikia, alinisalimu, alinitania, alinikemea nikimwaga maji. Ila hakunitajia tena Lusia, wala mimi sikuthubutu.

Aliishi miaka sita baada ya pale. Gonpo alitangulia. Sesilia alikwenda misa kila Jumapili na kukaa mahali pake, na ilipofika sala ya marehemu midomo yake ilikuwa haitembei. Alipougua kifua mimi ndiye niliyekuwa nampikia uji. Padri Laurenti alikuja kumpaka mafuta. Naye alikuwa ameshaanza kuota mvi. Alimshika mkono akamwambia, "Utamwona Lusia, mama."

Sesilia alifungua macho. "Unasema kwa kitabu au kwa huruma?"

Padri akanyamaza. Nimekwambia alikuwa mkweli. Machozi yalikuwa yanamtoka.

"Haya," Sesilia akasema, akageukia ukutani.

Tulimzika ndani ya ukuta, karibu na pale Gonpo alipochimba zamani. Wote walikuja, hata yule wa kisimani. Wanasema maneno mazuri sana juu yake sasa, wanasema bila yeye kusingekuwa na Kanisa Tsakha, na ni kweli. Nikiwasikia natoka nje.

Nimezaa wanne, nimewazika wawili, nimebeba maji mpaka magoti yamekataa. Yote hayo niliyaweza. Yule mama aliniomba nikae tu kwenye benchi, asubuhi moja, na hilo likanishinda.